Wifi yangu, usingoje mzigo wa Dar, wali wa Kikorea utapika hukohuko Kigoma

Wifi yangu, za huko Mwanga, watoto hawajambo? Kaka mpe salamu zake. Meseji yako nimeiona na nimeona nikujibu hapa hadharani manake hauko peke yako, kuna wengine wengi wananiuliza hichohicho, wote wanangoja mtu atoke Dar awabebee michuzi ya chupa ndo wapike ule wali wa kukaanga wa Kikorea wenye nyama laini ambao watoto wameuona kwenye tamthilia wakaanza kusumbua. Wifi, usingoje mtu. Utamu wa kile chakula unatoka kwenye mchuzi wa nyama, na nyama unayo, jiko unalo, Jumamosi mchana unao.

Wenzetu kule Korea wakikaa kula dakgalbi, ile ya kuku na pilipili inayopikwa mezani kwenye karai pana, nyama ikiisha karai haliondoki, wanamwaga wali kwenye lile rojo lililobaki, wanachanganya afu wanaukandamiza na mwiko mpaka chini ushike ukoko. Ndo bokkeumbap yenyewe hiyo, yaani wali wa kukaanga, na kuna watu wanausubiri huo wali kuliko hata nyama. Kwa hiyo ukikaanga wali kwa mafuta matupu halafu ukaja kupanga nyama juu, utakuwa umepika wali na nyama, na utaliwa, ila sio hiki ninachokisema mimi. Wali lazima unywe mchuzi.

Sasa nyama. Buchani usiombe steki kabisa, omba mbavu, au ile ya muundi yenye mishipa myeupe ambayo watu wanaikwepa. Mbavu zilizopikwa hivi Wakorea wanaziita galbijjim, na kwao ni chakula cha sikukuu, Chuseok, ile sikukuu yao ya mavuno, na mwaka mpya wao. Ile mishipa ina kolajeni, ukiipa maji na moto mdogo kwa muda mrefu inayeyuka inakuwa gelatini, ndo maana mchuzi wake ukipoa unaganda kama supu ya kongoro. Steki haina hicho kitu, ukiichemsha sana inakauka tu.

Kilo moja ya mbavu iloweke maji ya baridi nusu saa hivi damu itoke, afu chemsha dakika tano, mwaga hayo maji na suuza nyama. Najua kumwaga maji ya nyama kwetu ni kama dhambi lakini mwaga, hapo ndo mchuzi unatoka safi hauna shombo, na wale wanaotia mvinyo wa mchele wanautia kwa sababu hiyohiyo ya kuondoa harufu, sisi tangawizi inatosha. Rudisha sufuriani, tia soya sosi nusu kikombe, kitunguu maji kikubwa kimoja umekisaga, saumu punje sita au nane, tangawizi, pilipili manga, maji yafunike nyama. Chumvi usitie, soya sosi ni chumvi tayari. Wao wanasaga na peasi kwa ajili ya utamu na kulainisha, mi natumia epo, na kama nyama ni ya ng'ombe mzee naipaka kijiko kimoja cha papai bichi lililosagwa kwa nusu saa kabla ya kupika, usizidishe hapo manake papai halina huruma, nyama inakuwa unga.

Halafu funika, acha ichemke polepole masaa mawili, hata zaidi. Jiko la mkaa hapa linafaa sana manake moto unapungua wenyewe na wewe unaendelea na shughuli zako. Mwishoni ndo unatia asali, vijiko vitatu vya chakula, wacha mchuzi ushuke mpaka ung'ae na ushike kwenye mwiko. Asali ya huku Tabora ndo naipenda kwa hiki chakula, ile nyeusinyeusi ya miombo, ina kauchungu kwa mbali kanakoikata soya sosi vizuri, sukari haina hiyo kazi.

Kuhusu gochujang, ile pilipili nyekundu nzito, sitakudanganya kwamba utaitengeneza jioni moja. Ile ni pilipili, mchele wa kunata, soya iliyochachushwa na chumvi, vinakaa miezi. Kwa watoto mi nachukua pilipili kavu nyekundu isiyo kali sana, nasaga, nachanganya na asali, saumu na soya sosi kidogo. Ladha haifanani moja kwa moja lakini inakaa vizuri. Na siku ukiipata ya dukani soma lebo kwanza, nyingi zina alkoholi kidogo ya kuhifadhia, na nyumbani kwenu najua hamtumii.

Wali upike mweupe, usiweke nazi, maji yawe pungufu kidogo, utandaze kwenye sinia upoe haraka halafu friji mpaka kesho. Wa moto unashikana na kuwa bonge, wa jana umekauka, kila punje inasimama peke yake. Ila wifi, kiporo cha kuachwa mezani usiku kucha na joto la Kigoma hapana, kuna bakteria wa wali ambaye sumu yake haifi hata ukiupasha. Kama friji inasumbua, pika asubuhi, tandaza, ukipoa tu kaanga.

Karai likipata moto sawasawa tia mafuta kidogo, vitunguu, karoti, kabichi, nyama uliyoichambua mifupa, afu wali. Mchuzi mwagia upawa mmoja, koroga, ukishanywewa ongeza mwingine, usimwage wote kwa pamoja utapata bokoboko. Kandamiza, uache bila kuugusa dakika mbili tatu mpaka usikie unalia chini. Majani ya vitunguu, ufuta uliokaangwa, yai la kukaanga juu lenye kiini kibichibichi.

Mawese uliyouliza, mi nasema hapana. Nayapenda kwenye maharage na kwenye migebuka, lakini hapa yatafunika soya sosi na ufuta wote. Alizeti inatosha.

Asali ntaiweka kwenye gari la Jumatano, muulizie kondakta. Ukishapika niambie nyama ilichukua muda gani kwenye jiko lako mpaka mfupa ukachomoka, nataka kujua kama nyama ya huko inahitaji saa moja la ziada.