Risala ya Kikundi cha Watazamaji Filamu kwa Mgeni Rasmi, Siku ya José Isbert, Mwigizaji wa Hispania

Ndugu Mgeni Rasmi,
Mkuu wa Chuo, walimu, wazazi na wanachama wenzetu,
Asalaam aleikum, Bwana Yesu asifiwe, na habari za jioni.

Kwanza tunakushukuru kwa kufika, tena kwa kusimama. Filamu utakayoiona leo, Bienvenido, Mister Marshall ya Luis García Berlanga (1953), inahusu wageni rasmi ambao hawakusimama.

Kijiji kimoja cha Hispania kinaambiwa Wamarekani wanakuja na fedha za Mpango wa Marshall, msaada wa Marekani wa kuijenga upya Ulaya baada ya Vita Kuu ya Pili. Watu wanavalishwa mavazi ya Andalusia, ambako si kwao, na wanapanga foleni mbele ya karani, kila mmoja ataje kitu kimoja anachokitaka. Siku inafika. Msafara wa magari unapita mbio, linabaki vumbi. Hispania yenyewe haikuingizwa katika mpango huo.

Meya wa kijiji ndiye José Isbert: mzee mfupi, masikio mazito, sauti ya kukwaruza kama mlango uliokosa mafuta. Mtazame akiwa roshani. Anawaambia wananchi kwamba wanamdai maelezo, na maelezo hayo wanayomdai atayalipa, na kwa kuwa yeye ni meya wao basi wanamdai maelezo, na anazunguka papo hapo. Katibu wetu aliirudia sehemu hiyo mara tatu, kisha akaenda kufuta aya mbili za risala hii.

Ndugu Mgeni Rasmi, Isbert alizaliwa Madrid mwaka 1886, akapikwa na jukwaa la vichekesho. Filamu yake ya kwanza, mwaka 1912, haikuchekesha: aliigiza muuaji wa Waziri Mkuu José Canalejas, aliyepigwa risasi mwaka huohuo. Baada ya hapo, kwa miaka mingi, steringi alikuwa mwingine, yeye akawa mzee wa pembeni anayeondoka na filamu.

Uzeeni ndipo alipotisha. Katika El cochecito (1960) ana miguu mizima, lakini anataka kiti cha magurudumu chenye mota kwa kuwa rafiki zake wanavyo. Katika El verdugo (1963), akiwa na miaka 77, ni mnyongaji anayekaribia kustaafu, anayemsihi mkwewe arithi kazi ili nyumba ya serikali isiwapotee. Mkoba wa vifaa vyake anausahau ndani ya gari la maiti, kama fundi aliyesahau spana. Hispania ya dikteta Franco ilikuwa bado inanyonga kwa chuma cha shingoni; balozi wake Italia aliilalamikia filamu ilipooneshwa kwenye tamasha la filamu la Venice. Nasi tulijaribu kumchukia mzee yule, tukashindwa.

Kwa utaratibu wa kijiji kile, tuna ombi moja tu, ingawa foleni ilikuwa ndefu: projekta. Hii ya kuazima huzimika kila baada ya dakika arobaini, hivyo usishtuke giza likiingia meya akiwa bado roshani.

Tunaomba kuwasilisha.