Barua kwa Mwalimu kuhusu msimu wa Virginia

Richmond, Virginia
Mei 2025

Mpendwa Mwalimu, ndugu yangu,

Salamu nyingi zikufikie wewe, shemeji na watoto. Natumaini barua hii itawakuta wote mkiwa na afya njema. Yako nimeipata, na nimeisoma kwa uchungu, maana najua ulivyoijenga timu ya chuo chenu kwa miaka mingi, na naelewa jinsi kinavyouma kipigo cha namna ile, mbele ya uwanja uliojaa, tena kutoka kwa timu ambayo hakuna aliyeipa nafasi. Kilichonigusa zaidi ni maneno yako ya mwisho, kwamba uongozi unakutaka uuache ulinzi wako wa kusubiri, uanze mchezo wa kukimbia kama wanavyocheza wengine, na kwamba wewe mwenyewe umeanza kusitasita. Sina mamlaka ya kukufundisha ukocha. Ninachoweza ni kukusimulia kwa kirefu msimu wa 2018/2019 wa timu ya mpira wa kikapu ya Chuo Kikuu cha Virginia, kwa sababu naamini swali lako waliwahi kuulizwa wao, na walilijibu uwanjani.

Uanzie Charlotte, North Carolina, usiku wa 16 Machi 2018. Wewe unaijua michuano ya Machi ya vyuo vya Marekani tangu enzi zile tulipokuwa tukimfuatilia Hasheem Thabeet akiwa UConn, yaani Chuo Kikuu cha Connecticut, mpaka mwaka 2009 timu yake ilipofika nusu fainali na kutolewa na Michigan State, kwa hiyo sina haja ya kukueleza kwamba timu 68 hukutana kwa mtoano na kwamba katika kila kanda hupangwa kwa namba, kuanzia ya kwanza, inayoaminiwa kuwa bora kuliko zote, hadi ya kumi na sita, iliyo dhaifu zaidi. Virginia waliingia wakiwa namba moja ya nchi nzima, wakiwa wameshinda michezo 31 na kupoteza miwili tu. Wapinzani wao walikuwa UMBC, chuo cha Maryland kilichopangwa namba 16. Kwa upande wa wanaume, timu za namba moja zilikuwa zimekutana na za namba 16 mara 135, na mara zote 135 zilishinda. Hadi mapumziko ilikuwa 21 kwa 21. Katika kipindi cha pili UMBC walifunga pointi 53, na mchezo ukaisha 74 kwa 54. Hakuna timu ya namba moja iliyokuwa imewahi kufanyiwa hivyo kabla yao.

Ni kweli kwamba De'Andre Hunter, kijana aliyekuwa akiingia kutoka benchi na kubadilisha michezo, alikuwa nje kwa sababu ya kuvunjika kifundo cha mkono. Kocha Tony Bennett hakulifanya hilo kuwa kisingizio. Alikaa mbele ya waandishi wa habari, akakiri kwamba walizidiwa kabisa, akawapongeza waliomshinda. Kyle Guy, mmoja wa wafungaji wake wakubwa, aliichukua picha yake mwenyewe ya usiku ule wa msiba na kuiweka mbele ya simu yake, aione kila anapoishika. Kijana huyo huyo alizungumza hadharani kuhusu wasiwasi mkubwa unaomsumbua moyoni, jambo ambalo vijana wengi wa michezo hulificha hata kwa daktari. Bennett naye aliokota mahali wazo moja ambalo alilirudia msimu mzima: kwamba shida, ukijua kuitumia, hukukatia tiketi ya kwenda mahali ambapo usingeweza kufika kwa njia nyingine yoyote.

Sasa nifike kwenye lile linalokuhusu. Ulinzi wa Bennett aliurithi kwa baba yake, Dick Bennett, aliyewahi kuifikisha Wisconsin nusu fainali mwaka 2000. Mlinzi mmoja humbana mwenye mpira, na wanne waliobaki hurudi ndani ya mstari usiochorwa, kama mita tano kutoka kikapuni, wakaziba kila njia ya kupenya, hata mpinzani akajikuta hana la kufanya ila kutupa kutoka mbali huku ameshikwa mkono. Wakiwa na mpira hawana haraka. Virginia walikuwa miongoni mwa timu za mwendo wa polepole kuliko zote nchini, na baada ya Charlotte wakosoaji walipata hoja ambayo, nikiwa mkweli kwako, si ya kupuuzwa: mchezo wa polepole una mashambulizi machache, na mashambulizi yakiwa machache timu dhaifu hubaki karibu nawe, na ikishapata bahati kidogo hupati muda wa kuirudisha nyuma. Walisema mchezo ule unatosha kwa ligi, hautoshi kwa mtoano. Nadhani ndiyo hoja hiyo hiyo unayoisikia wewe kikaoni.

Bennett hakuugusa ulinzi. Alichobadilisha ni mashambulizi. Kwa miaka mingi timu yake ilishambulia kwa wachezaji watatu wanaozunguka na wawili wanaowakinga. Msimu ule aliongeza mashambulizi ambamo mchezaji mrefu hupanda juu kumkinga mwenye mpira, ili Ty Jerome apate nafasi ya kuusoma ulinzi na kuamua mwenyewe. Hunter alipona na kuanza michezo akiwa mlinzi anayeweza kumshika mchezaji wa kimo chochote. Mamadi Diakite, aliyezaliwa Conakry, Guinea, na kuja Virginia kusoma sekondari, alikuwa akizuia mipira juu ya kikapu. Halafu akaletwa kijana wa mwaka wa kwanza kutoka California, Kihei Clark, mwenye kimo cha sentimita 175 hivi, akapewa kazi ya kumkaba mwenye mpira kuanzia upande wa pili wa uwanja. Mimi nasema huo ndio ukocha: kujua kipi ni uti wa mgongo wa timu yako na kipi ni nguo tu, ukabadilisha nguo bila kuuvunja mgongo.

Katika ligi yao ya ACC walishinda michezo 16 na kupoteza miwili, yote miwili kwa Duke, wakalingana na North Carolina kileleni. Kwa wastani, timu zilizokutana nao msimu mzima zilifunga pointi 56 hivi tu kwa mchezo. Walikwenda kwenye michuano ya Machi wakiwa tena namba moja ya kanda yao, na tena wakapangiwa timu ya namba 16, Gardner-Webb. Katika kipindi cha kwanza wakaachwa kwa pointi 14. Hebu fikiria, Mwalimu, vijana wale walikuwa wakiwaza nini, na nchi nzima ikiwaza nini. Hawakukimbia, hawakuanza kutupa ovyo. Waliendelea kulinda vile vile, Diakite akafunga pointi 17, wakashinda 71 kwa 56. Kisha wakawashinda Oklahoma bila taabu kubwa, na wakawashinda Oregon 53 kwa 49, mchezo wa jasho ambao asiyependa ulinzi asingeuvumilia.

Mchezo dhidi ya Purdue, tarehe 30 Machi, mjini Louisville, ndio ninaokuomba uutazame pamoja na vijana wako. Carsen Edwards wa Purdue alifunga pointi 42, nyingine akizitupa kutoka umbali ambao kocha yeyote angemgombeza, na bado zikaingia. Zikiwa zimesalia sekunde 5.9, Virginia wako nyuma kwa pointi tatu na Jerome yuko kwenye mstari wa mitupo huru. Wa kwanza ukaingia, wa pili ukagonga chuma. Diakite akaruka katikati ya msitu wa mikono na kuupiga mpira kwa vidole, ukaruka juu ya wote na kwenda kuangukia nyuma kabisa, upande wao wa uwanja. Clark akaukimbilia akiwa amekipa kikapu mgongo, akauokota, akageuka. Saa inahesabu. Kijana mwingine wa mwaka wa kwanza angeutupa mpira kutoka kule kule alikokuwa, na hakuna ambaye angemlaumu. Clark alidunda kidogo akiinua kichwa, akamwona Diakite amebaki karibu na kikapu, akampelekea pasi ndefu ya moja kwa moja iliyofika kifuani mwake. Diakite hakuushusha mpira. Aliupokea na kuutupa kwa mwendo mmoja, ukaondoka mkononi kabla taa ya kumaliza muda haijawaka, ukaingia: 70 kwa 70. Katika dakika za nyongeza wakashinda 80 kwa 75. Nimekwisha kuitazama pasi ile mara nyingi kuliko vikapu vyote vya msimu ule.

Nusu fainali mjini Minneapolis, mbele ya watu zaidi ya 70,000, ilikuwa zamu ya moyo kupimwa namna nyingine. Dhidi ya Auburn walikuwa mbele kwa pointi 10 zikiwa zimesalia dakika tano na ushei, kisha Auburn wakafunga pointi 14 mfululizo. Guy alipunguza kwa kikapu cha pointi tatu, na zikiwa zimesalia sekunde 0.6, timu yake ikiwa nyuma 62 kwa 60, akafanyiwa faulo akitupa kutoka kona. Lazima nikutajie pia kwamba muda mfupi kabla ya hapo Jerome aliushika mpira kwa mikono miwili na kuanza kuudunda upya, jambo lisiloruhusiwa, na filimbi haikulia. Watu wa Auburn wana haki ya kulikumbuka hilo. Guy aliufunika uso wake kwa jezi kwa muda, kisha akaenda kwenye mstari. Akaingiza wa kwanza. Akaingiza wa pili. Auburn wakaomba mapumziko ili wamwachie muda wa kuwaza, naye akarudi akaingiza wa tatu. 63 kwa 62. Yule yule aliyebeba picha ya Charlotte kwenye simu yake.

Fainali ya 8 Aprili 2019 ilikuwa dhidi ya Texas Tech, timu iliyolinda vizuri pengine kuliko Virginia wenyewe. Hunter alikwenda mapumziko akiwa amefunga kikapu kimoja tu katika majaribio manane. Bennett hakumtoa, na Hunter hakuacha kujaribu. Timu yake ikiwa nyuma 68 kwa 65 na muda ukiwa umekaribia kwisha, Jerome alipenya, akawavuta walinzi, akampasia Hunter kwenye kona, naye akatupa bila kusita: sare. Braxton Key akauzuia mtupo wa mwisho wa Texas Tech. Katika dakika za nyongeza Virginia walipewa mitupo huru 12 na kuiingiza yote 12, wakashinda 85 kwa 77. Hunter alimaliza na pointi 27, Guy na 24, na Guy ndiye aliyetajwa kuwa mchezaji bora wa hatua ya mwisho. Ulikuwa ubingwa wa kwanza wa chuo hicho, ambacho hata nyota wake wa zamani, Ralph Sampson mwenyewe, pamoja na kimo chake chote, hakuwahi kukipatia. Waliumaliza msimu kwa ushindi 35 na vipigo vitatu.

Ningependa pia uujue mwendo wa Bennett baada ya hapo. Msimu wa ubingwa ulipokwisha alikataa nyongeza ya mshahara, yeye na mkewe wakaahidi dola 500,000 kwa mpango wa kuwaandaa wachezaji kwa kazi za baadaye. Tangu aanze alikuwa akiwafundisha vijana mambo matano aliyoyapata kwa baba yake: unyenyekevu, ari, umoja, utumishi na shukrani. Alistaafu Oktoba 2024, na mwezi Machi mwaka huu Virginia wamemwajiri Ryan Odom kuwa kocha wao, ambaye ndiye aliyekuwa kocha wa UMBC usiku ule wa Charlotte. Nimefurahi sana kuona chuo hakikumwekea kinyongo mtu aliyekishinda kwa haki.

Kwa hiyo, Mwalimu, ukiingia kikaoni usiutetee mchezo wako mzima kana kwamba hauna kasoro. Kubali kwamba mashambulizi yenu yanahitaji kurekebishwa, uwaeleze utayarekebisha vipi, na ulinzi uuache ulivyo. Video ya mchezo wa Purdue nimemkabidhi jirani yangu anayesafiri kuja huko mwezi ujao, ataileta kwenye flashi. Watazamishe vijana zile sekunde sita za mwisho polepole, mtu mmoja mmoja. Halafu uniandikie juu ya yule kijana wa mwaka wa kwanza uliyeniambia kwamba uongozi unamwona mfupi mno: unamwanzisha lini, na nani atakuwa anasimama karibu na kikapu kupokea pasi zake?

Wako katika mpira,
Ndugu yako wa Richmond