Filamu ya ndoto si wazimu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi kidogo niitetee filamu ya ndoto, ile isiyosimulia kisa kilichonyooka, ambayo wengi huku kwetu huidharau kabla haijafika katikati.

Jumamosi iliyopita, nyumbani kwangu Makole, niliwaonyesha vijana wa mtaani Meshes of the Afternoon, filamu fupi ya dakika kama 14. Maya Deren na mumewe, Alexander Hammid, waliipiga mwaka 1943 nyumbani kwao Los Angeles, bila kampuni yoyote nyuma yao. Hata dakika tano hazijaisha, kijana mmoja akasema aliyeitunga apelekwe Mirembe, hospitali yetu ya wagonjwa wa akili. Wenzake wakacheka. Sisi watu wa Dodoma tunalitamka jina hilo kirahisi mno.

Mhariri, mwanamke wa filamu ile anamfuata mtu aliyevaa joho jeusi. Anamkimbilia, hamfikii, anaanza upya. Na yule mtu uso hana. Penye uso pana kioo. Baadaye mwanamke anakuwa watatu, wamekaa meza moja wakitazamana, na ufunguo unageuka kisu. Hatuelezwi kwa nini. Lakini nani hajawahi kushikwa na jambo, akalifuata usiku na mchana, kumbe anakimbizana na sura yake mwenyewe? Binti mmoja anayepiga picha za harusi, aliyekuwa kimya muda wote, alisema taratibu: "Huyo ni mimi na simu yangu." Hujipiga picha hata hamsini, akazifuta zote akabakiza moja, na hiyo moja haifanani naye. Baada ya hapo hakuna aliyecheka tena.

Wanaosema haya ni mambo ya Wazungu waende Kolo, Kondoa. Kwenye miamba ile, iliyoingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 2006, wazee walichora watu warefu, wembamba, wengine na vichwa vya ajabu kabisa. Maelezo hawakutuachia, na bado watu wanakwenda kutambika pale.

Ukurasa wenu wa burudani mara nyingi umejaa ndoa na ugomvi wa wasanii. Nawaomba mtenge hata safu moja kwa vijana wanaopiga filamu fupi kwa simu na kwa fedha zao wenyewe. Na wenye kumbi hapa mjini watupe jioni moja tu kwa mwezi. Projekta ninayo, viti tutaazima.

Msomaji wenu,
Makole, Dodoma