Pelakor si neno la kuchekesha

Mhariri,

Nimewasoma miaka mingi bila kuandika, ila makala yenu ya vichwa vya habari vya mitandaoni nchini Indonesia imenishinda. Mmeviita vichekesho. Nilisoma Yogyakarta miaka mitatu, na sikucheka.

Chukueni neno pelakor. Ni kifupi cha perebut laki orang, yaani mnyang'anyi wa mume wa mtu. Linampiga mwanamke peke yake. Lipo pebinor la kumsema mwanamume, lakini mimi nimelikuta mara chache mno.

Binti wa mama aliyekuwa akituuzia wali jirani na chumba nilichopanga aligombana na mwanamke mwenzake barabarani. Mtu akarekodi. Kufika adhuhuri, tovuti moja ilishaandika "Pelakor dilabrak, bikin heboh!", pelakor kavamiwa, mji umechafuka. Mama hakuwa na miwani, akanipa simu nimsomee. Ukurasa wa kwanza ulikuwa video na matangazo. Wa pili, matusi ya watazamaji. Nikabofya "selanjutnya", yaani ukurasa unaofuata, nikabofya tena, hadi ukurasa wa nne, mstari wa mwisho kabisa: wawili hao walikuwa wakidaiana pesa za pikipiki. Mume wa mtu hakuwamo! Mama akaniambia nirudie mstari ule, polepole. Nikarudia mara tatu. Kesho yake saa nne asubuhi sufuria lake la wali lilikuwa bado limejaa, na wale wateja wa kila siku walikuwa wakipita upande wa pili wa barabara huku wakitazama simu zao. Nani aliyefika ukurasa wa nne?

Na huko kukata habari moja vipande vinne ni wizi. Kila ukibofya, wao wanahesabu ukurasa mwingine uliotazamwa na tangazo jingine lililolipiwa, nawe bando lako linakwisha.

Mwongozo wa Dewan Pers, baraza lao la habari, tangu 2012 unataka masahihisho yaunganishwe na habari yenyewe. Hayo hayatoshi. Kichwa cha kusahihisha kiandikwe kwa herufi za ukubwa uleule, kikae juu ya ukurasa saa zilezile ambazo kile cha uongo kilikaa, na mstari unaokikanusha kichwa uwe aya ya kwanza. Nanyi liondoeni neno "vichekesho" kwenye makala yenu.

Msomaji wenu,
Tanga