Shukran dada wa feri ya Likoni
Dada wa buibui na kikapu cha maembe, tulosimama sote foleni ya feri Jumanne asubuhi, sikukuuliza hata jina. Nilikuwa nalalamika kwa simu eti paka wangu dume hana adabu siku hizi, mara akojoa mkekani mara yuachuchumaa kutwa na hatoki kitu, ukanishika mkono ukanambia hiyo si tabia mbaya hayo ni maumivu, njia ya mkojo imeziba, mpeleke kwa vet leo leo. Wallahi ilikuwa kweli! Daktari kasema dume akiziba hivyo figo zaweza kufeli ndani ya siku 2 tu akafa, akamtia mpira mkojo ukatoka. Na mimi nilishampiga ndala, yaniuma hadi sasa. Mola akulipe dadangu, paka kalala hapa miguuni pangu.