Kaka, mfenesi wetu umenuna

Kaka yangu,

Juzi nilikusimulia jinsi mbuzi wa jirani alivyoingia sebuleni akatafuna kadi za harusi zote, akabakisha ya shemeji yake bibi harusi ambaye wenyewe hawakutaka aje. Ukanijibu "haha". Moja kavu, haina hata ya pili ya kuisindikiza. Kwa "haha" hiyo, kwenye bustani yetu hata mchicha usingeinua jani, nao mchicha unaujua, huota popote, hata juu ya jalala, bila kupandwa wala kubembelezwa.

Nimeamua kukuandikia mbele za watu kwa sababu barua za faragha unazijibu kwa kidole gumba.

Wasioijua bustani wasipate shida kuitafuta. Ilikuwa nyuma ya nyumba ya bibi, Walukuba, hapo Jinja, Uganda. Mtu mzima akichungulia aliona bomba linalovuja, migomba mitatu, mutuba mmoja mzee na magugu. Mimi na wewe ndio tuliojua kwamba kila kilichoota pale kilikunywa kicheko kwanza, maji baadaye. Pasheni ilipanda ukuta shubiri moja kwa kila kwikwi. Mkungu wa matoke uliiva kidole kimoja kimoja, kicheko hadi kicheko, ndiyo maana bibi alituona tumekaa chini yake tukichekeana kama wehu. Mfenesi ulikuwa na kiburi, hautaki vicheko vya mdomoni. Ulitaka kile cha kushika mbavu, ndipo fenesi lipasuke lenyewe na utomvu wake usimnase mtu.

Halafu mutuba. Wewe ulidai mti huo hauhitaji kuchekeshwa, kwa sababu watu wakiubambua gome la kutengenezea kitambaa unatekenyeka, na kesho yake ukifungwa majani ya mgomba ni kama mtoto aliyefunikwa shuka asiendelee kucheka. Nilikuamini miaka mingi. Hata leo nikiona lubugo, kitambaa cha gome hilo, sokoni, mbavu zinaniwasha.

Lakini aliyeianzisha bustani ni kifauwongo, na hilo sijapata kulisimulia. Ulirudi kutoka shule siku hiyo ukiwa kimya. Wenzako walikusikia unamwita bibi kwa Kiswahili, wakakucheka darasa zima, kwamba hiyo ni lugha ya wanajeshi na wezi. Ulikaa karibu na bomba ukawa unakigusa kifauwongo jani baada ya jani, kinajikunja, unangoja kifunguke, unakigusa tena. Nikakuuliza kinaogopa nini. Ukasema, "Kimechekwa vibaya." Hapo ndipo tulipopata sheria ya kwanza: kicheko cha kuzomea hufunga, vingine vyote hufungua. Sheria nyingine tulizitunga tukiwa tumeshaanza kucheka.

Baadaye mwalimu wa sayansi alinieleza kwamba ni maji tu. Ukiligusa jani, maji huvikimbia vifundo vya kikonyo na jani linalegea, likitulia maji yanarudi. Sikumbishia. Ila hakuniambia chochote kilichopingana na ulichosema wewe.

Sasa sikiliza. Mwaka 2022 Baraza la Mawaziri liliidhinisha Kiswahili kiwe lugha rasmi hapa Uganda na kifundishwe shuleni. Mpwa wako anakisoma. Anarudi nyumbani na daftari, wenzake wanamfuata awasaidie ngeli, tena wanamwona ana bahati kuwa na mama anayeota kwa Kiswahili. Siku ya kwanza nilipowaona wamejipanga mlangoni nilicheka hadi nikakaa chini, halafu nikajikuta nalia, halafu nikacheka tena, na sikujua kicheko cha namna hiyo kinaotesha nini. Hatukukitungia sheria. Au ulikitungia nikasahau?

Jumamosi nilimpeleka Walukuba. Nyumba ina wapangaji wengine, wakarimu, wakaturuhusu tuzunguke nyuma. Bomba limezibwa. Mutuba umekatwa, sitaki kusema zaidi. Mfenesi upo, una mafenesi manne makubwa, yamenuna. Kifauwongo kimetambaa hadi ukutani.

Mtoto akachuchumaa akacheka kwa nguvu kukijaribu, akakipulizia pumzi bila kujua, kikajikunja chote. Akanigeukia, "Mama, kimenikataa." Nikamwambia hapana, hakimjui bado, kinamjua mjomba wake, ambaye akicheka fenesi hupasuka bila kisu.

Hajaniamini. Anataka rekodi ya sauti, na amesema "haha" ya kuandikwa haikubaliki. Tumepatana na wapangaji turudi Jumamosi ijayo, saa nne asubuhi, na simu nitakuwa nimeichaji.

Dada yako