Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti kwa Wanachama, na Maelezo Kuhusu Jioni za Vihanová

Ndugu wanachama,

Shughuli za kawaida mnazifahamu, sitawachosha nazo. Tulionyesha filamu kila Ijumaa ya mwisho wa mwezi isipokuwa Aprili, mvua ilipotuzidi, paa limezibwa, tumepokea wanachama wapya 6 na kumzika mmoja, Mungu amlaze pema. Mapato shilingi 1,940,000, matumizi shilingi 1,875,000. Vitabu viko kwa mweka hazina.

Nije kwenye lililozua maneno. Septemba na Oktoba tulitenga jioni tatu kwa filamu za Drahomíra Vihanová, mwongozaji wa Chekoslovakia ya zamani, na shilingi 420,000 zikalipia tafsiri. Wapo waliosema mwenyekiti amekigeuza chama kuwa mali yake. Kamati ilikaa, akidi ilitimia, muhtasari umesainiwa. Wazo lilikuwa langu, silikani, na hata leo ningelileta tena.

Mama huyu alizaliwa 1930 Moravský Krumlov, akasomea muziki Brno kabla ya kuingia FAMU, shule ya filamu ya Prague. Filamu yake ya kuhitimu, Fuga na černých klávesách ya 1964, inamhusu mwanafunzi Mwafrika anayepiga piano jijini Prague. Waliouliza "sisi inatuhusu nini?" waanzie hapo. Mwaka 1969 akakamilisha filamu ndefu ya kwanza, Zabitá neděle: ofisa wa jeshi katika mji mdogo wenye kambi, Jumapili isiyokwisha, mwishowe anajiua. Majeshi ya Mkataba wa Warsaw, muungano wa kijeshi ulioongozwa na Muungano wa Kisovieti, yalikwishaingia nchini Agosti 1968, na utawala uliofuata haukuitaka picha kama hiyo. Ikafungiwa hadi 1990, naye akanyimwa kazi ya uongozaji kwa miaka.

Alipoanza tena, 1977, hakupewa waigizaji. Alipewa filamu fupi za hali halisi. Mwanachama mmoja alisema mkutanoni kwamba huko ni kushushwa cheo. Namheshimu, ila sikubaliani naye hata kidogo. Mama yule aliichukua kazi aliyoachiwa akaifanya kwa sikio la mpiga piano. Alifuatilia ujenzi wa kituo cha nyuklia cha Dukovany, si mbali na alikozaliwa. Mwaka 1990 akatoa filamu kuhusu mwimbaji Eva Olmerová. Filamu ndefu ya pili ya kuigiza, Pevnost, ilitoka 1994, miaka 25 baada ya ile ya kwanza. Alifundisha pia FAMU. Amefariki 2017. Kama chama cha filamu hakimpi mtu wa namna hii jioni tatu, kinampa nani?

Sasa mahudhurio. Jioni ya kwanza tulikuwa 31, ya pili 14, ya tatu 9. Hiyo ya tatu ndiyo ya Zabitá neděle. Maandishi ya tafsiri yaligoma kutokea dakika chache baada ya kuanza. Kijana aliyeyaandaa akainuka na karatasi zake, akazimulika kwa simu, akatusomea mstari kwa mstari hadi mwisho, sauti imemkauka. Taa zilipowashwa, mama mmoja wa safu ya mbele alibaki ameketi, mkoba mapajani, hasemi kitu. Wanachama 58 hawakuyaona hayo, na imeniuma.

Ada: kati ya wanachama 67, waliomaliza kulipa ni 22. Baadhi ya waliopigia kelele zile 420,000 hawajatoa hata senti mwaka huu. Majina sitayataja. Mwenyekiti amelipa ya miaka miwili, na mafuta ya jenereta mara nne yametoka mfukoni mwake.

Mwakani tunatarajia, Mungu akipenda, kupata projekta nzuri zaidi na pengine kuwafikia vijana wa shule za jirani. Kamati italiangalia.

Mkutano mkuu ni Jumamosi ya pili ya mwezi ujao. Mweka hazina atakuwa mlangoni na kitabu cha stakabadhi kuanzia saa tatu asubuhi.

Mwenyekiti